Jina Eunice: Ushindi Mwema

Andiko la juma: 2 Timotheo 1:3–7, 2 Timotheo 3:14–15, Matendo 16:1–3



Somo hili sikulipanga. Nilikuwa nimeandaa lingine juu ya kufunga na kuomba, lakini Jumatano ya juzi, baada ya ushirika wa nyumbani kule Kawangware, upande wa Gatina, mama mmoja alibaki nyuma wenzake wakitoka. Nitamwita Mama Eunice, maana ndivyo anavyoitwa plotini kwao, na jina lenyewe ndilo lililomleta. Binti yake wa Gredi ya 8 alikuwa ameketi kando yake akiangalia sakafu.

Mama aliniambia alikuwa amealikwa kesha mahali, si kwetu. Kulikuwa na mhubiri mgeni. Huyo mtumishi aliwaambia kina mama wataje majina ya watoto wao mmoja mmoja, naye akawa anayafungua. Alipofika kwa Mama Eunice alisema, "Hilo jina ni Eu na Nike. Nike ni mungu wa kike wa Wagiriki. Kila ukimwita mtoto, unaita pepo." Ikasemekana agano la jina lazima livunjwe, na sadaka ya kulivunja ni shilingi 3,000. Mama alikuwa na 1,200 ya kununulia nyanya na sukuma asubuhi. Alitoa yote, akabaki na deni la 1,800. Alipofika nyumbani akachukua raba za mtoto zilizoandikwa Nike, zile ambazo nyanya yake alimnunulia Toi ili akimbie mashindano ya shule, akazitupa kwenye takataka. Sasa alikuwa amekuja kuniuliza jina jipya la mtoto liwe nani, na kama kanisa linaweza kumsaidia na barua ya kubadilisha cheti cha kuzaliwa.

Kabla sijafungua mdomo, mtoto akaniuliza, "Mwalimu, kama jina langu ni la pepo, wakati nilikuwa naomba Mungu alikuwa ananisikia kama nani?"

Nilikosa jibu la haraka. Nikawaambia wanipe mpaka Jumamosi. Haya ninayoandika ndiyo niliyoyapata katika zile siku mbili, pamoja na yale tuliyoyaona Jumamosi yenyewe, kwa sababu najua hapa kwetu kuna kina Eunice wengi, na wengine wenu mmeshasikia maneno kama hayo.

Tuanze na jina. Kwa Kigiriki ni Eunike, na hivyo ndivyo Biblia yetu ya Union Version inavyoliandika. Waingereza waliliandika Eunice wakalitamka Yunis, nasi tukaongeza irabu mwishoni kama kawaida yetu, ikawa Yunisi. Lina vipande viwili kweli, na hapo mhubiri hakukosea. Eu ni "vema", kitu kizuri. Nike ni "ushindi". Kwa hivyo Eunike ni ushindi mwema, au yule aliyeshinda vizuri.

Hiyo eu mnaijua kuliko mnavyodhani. Wagiriki waliposema habari njema walisema euangelion. Neno hilo lilipita kwa Waarabu likawa Injil, likafika pwani yetu likawa Injili. Ukisimama Jumapili ukasema "Injili", unasema neno lililoanza na ile eu ya Eunice. Na tukiwa hapo hapo: Kristo ni Kigiriki, maana yake mpakwa mafuta. Biblia ni Kigiriki, maana yake vitabu. Pentekoste ni Kigiriki, maana yake ya hamsini, yaani siku ya hamsini. Tukiamua kwamba Kigiriki ni lugha ya mapepo, basi hata ule ubao ulio juu ya mlango wa kanisa letu utabidi tuushushe.

Sasa kipande cha pili, kwa sababu ndicho kilichomtisha mama wa watu. Ni kweli Wagiriki walikuwa na mungu wa kike aliyeitwa Nike, wakamchonga akiwa na mabawa. Pale Athene, juu ya mlima wa Akropoli, walijenga hekalu dogo la Athena Nike zaidi ya miaka 400 kabla ya Bwana Yesu kuzaliwa. Paulo aliposimama Areopago akihubiri (Matendo 17), Akropoli ilikuwa juu yake pale pale. Lakini nike lilikuwa neno la kawaida la kila siku, kama sisi tunavyosema ushindi. Wagiriki walikuwa na mazoea ya kuchukua neno la kawaida na kulifanya mungu. Amani kwao ni eirene, nao wakamfanya Eirene kuwa mungu wa kike. Kina Irene, mnasikia? Lakini Paulo hakuliogopa neno hilo. Fungua mwanzo wa barua zake, pale anapowatakia watu neema na amani. Hiyo amani ni eirene, barua baada ya barua.

Na nike je? Fungua 1 Yohana 5:4. Mtume Yohana anasema kuna ushindi unaoushinda ulimwengu, nao ni imani yetu. Neno aliloandika hapo kwa mkono wake ni nike. Katika Agano Jipya lote neno hilo kwa umbo hilo linapatikana mahali hapo tu. Roho Mtakatifu aliona linatosha kubeba imani ya watakatifu. Na kitenzi chake, kushinda, ndicho Bwana Yesu anachorudia kwa makanisa saba katika Ufunuo 2 na 3, kila kanisa na ahadi yake kwa yeye ashindaye.

Nitasema na lile ambalo mhubiri hakulisema, ili mtu asije akalileta baadaye kama siri. Mshairi wa kale wa Wagiriki, Hesiodo, alipotaja mabinti 50 wa Nereo, mungu wao wa bahari, mmoja wao alimwita Eunike. Basi. Jina lilikuwa kwa wapagani kabla ya kufika kwa Wakristo. Sasa soma Warumi 16:15 uone Paulo anamsalimia nani kule Roma: Nerea na dada yake. Nerea ni jina la huyo huyo mungu wa bahari! Rudi mstari wa 14, kuna Herme, ambaye ana jina la mjumbe wa miungu. Rudi mwanzo wa sura, kuna Fibi, mhudumu wa kanisa la Kenkrea, na Fibi ilikuwa sifa ya Artemi yule wa Waefeso. Kuna Apolo, mwenye nguvu katika maandiko, na unajua mwenyewe jina hilo ni la nani. Kuna Epafrodito katika Wafilipi 2:25, ndugu na askari mwenzake Paulo, na ndani ya jina lake yumo Afrodite, mungu wa kike wa mapenzi. Paulo huyu ndiye aliyemtoa pepo yule kijakazi wa Filipi. Pepo alikuwa anawajua. Lakini sioni mahali alipomwambia Epafrodito, ndugu, kwanza tuvunje jina.

Pengine mtu atasema, lakini Mungu si alibadilisha majina? Alibadilisha. Abramu, Sarai, Yakobo. Yakobo mwenyewe alimbadilishia mtoto wake, yule ambaye Raheli akiwa anakufa alimwita Benoni, baba akasema huyu ni Benyamini (Mwanzo 35:18). Siwezi kusema jina si kitu. Kuna watoto walioitwa majina ya uchungu, na wakitaka mengine ni haki yao. Lakini soma pia habari za Yabesi katika 1 Mambo ya Nyakati 4:9–10. Mama yake alimpa jina la maumivu. Yabesi akaomba, Mungu akampa alichoomba, na jina likabaki Yabesi. Danieli na wenzake walipewa Babeli majina ya miungu ya huko, tena kwa lazima, na moto wa tanuru haukuuliza Abednego maana ya jina lake. Hapa Nairobi tuna kina Abednego wangapi? Hata mwezi wa Machi una jina la mungu wa vita wa Warumi, na hilo kesha lenyewe, nimeambiwa, lilikuwa Machi.

Nisijifanye msafi. Miaka mingi iliyopita, nikiwa mpya katika huduma na moto mwingi kuliko maarifa, nilimshauri kijana mmoja wa hapa Kibera aache jina la babu yake kwa sababu nilisikia babu alikuwa na mambo ya kienyeji. Kijana alinitii. Babu alipofariki, kijana akaenda nyumbani, na wakati wa kusoma wajukuu waliorithi jina, hawakumsoma. Alikaa nyuma ya hema kama mgeni. Alinisimulia aliporudi, bila kunilaumu, na hiyo ilikuwa mbaya zaidi. Sikuwa nimepewa neno na Mungu. Nilikuwa nimesikia kanda ya mahubiri.

Sasa twende kwa Eunike mwenyewe, maana yeye ndiye mwenye jina.

Biblia inamtaja kwa jina mara moja tu, 2 Timotheo 1:5, na bila jina mara moja, Matendo 16:1. Ukiyaweka pamoja unapata hivi. Aliishi sehemu za Listra, mji ambao leo uko Uturuki. Alikuwa Myahudi aliyeamini. Mume wake alikuwa Mgiriki. Mama yake aliitwa Loisi, mwanawe Timotheo.

Myahudi amepataje jina la Kigiriki? Kama wewe ulivyopata. Iskanda Mkuu alivuka kuingia Asia mwaka 334 kabla ya Kristo, na majeshi yake yalipopita yaliacha lugha. Baadaye wafalme waliomrithi wakawahamisha watu. Mmoja wao, Antioko wa Tatu, alipeleka familia 2,000 za Wayahudi kutoka Babeli zikakae Frigia na Lidia. Watoto wakazaliwa ugenini, wakaongea lugha ya sokoni, wakapewa majina yanayoeleweka sokoni. Wengine walikuwa na mawili. Saulo na Paulo. Tabitha na Dorkasi. Sisi tunajua mambo hayo. Nyumbani ni Nekesa, wa wakati wa mavuno, au Akinyi, wa asubuhi, na shuleni ni Eunice au Irene. Kibera na Kawangware zimejaa watu wa majina mawili.

Na mji wenyewe wa Listra ulikuwaje? Matendo 14. Paulo alimponya kiwete, watu wakapiga kelele kwamba miungu imeshuka, Barnaba wakamwita Zeu, Paulo Herme, kuhani akaleta ng'ombe na mashada ya maua tayari kuwachinjia. Muda mfupi baadaye watu hao hao wakampiga Paulo mawe, wakamburuta nje ya mji wakidhani amekufa. Hapo ndipo Eunike alipolea mtoto. Mume hakuwa wa imani ya nyumbani kwao, hata mtoto hakutahiriwa, na mji ulikuwa na sanamu kila kona. Lakini 2 Timotheo 3:15 inasema Timotheo aliyajua maandiko matakatifu tangu utoto, na neno lililotumika hapo ni la mtoto mchanga kabisa, wa kunyonya. Nani alimfundisha? Paulo hakutaja mwalimu wala sinagogi. Alitaja nyanya na mama.

Hapa nataka tukae kidogo. Neno la nyanya katika mstari huo ni mamme. Linafanana na mama, eh? Agano Jipya lote lina nyanya mmoja tu anayeitwa hivyo, Loisi. Paulo yuko gerezani, anajua hana siku nyingi, anamwandikia kijana aliye na hofu, na anapotafuta kitu cha kumshikisha, anamkumbusha imani iliyokaa kwanza kwa mwanamke mzee, halafu kwa binti yake. Tena angalia mpangilio: mstari wa 5 ni Loisi na Eunike, na mstari wa 7 ni ule tunaoupenda, kwamba roho tuliyopewa na Mungu si ya woga. Jina la Eunike na kufukuzwa kwa woga vimekaa karibu hivyo. Na mama wa watu wa Gatina alikuwa ametozwa 3,000 kwa kuogopeshwa na jina hilo.

Jumamosi tukaenda Kibera, mimi nao wawili, kumwona yule nyanya aliyerithiwa jina. Tulipanda matatu mpaka Adams, tukashuka tukakatiza Toi. Mnajua vile viatu vya mitumba hupangwa pale, safu kwa safu. Mtoto akaanza kuhesabu vilivyoandikwa Nike, akafika thelathini na kitu akaacha. Mama yake akasimama kwa kijana mmoja akashika raba, akauliza kwa sauti ya chini, "Hii Nike, ni jina la mungu?" Kijana akamwangalia. "Mathe, hiyo ni saizi 38." Nilicheka mpaka nikaona aibu. Kampuni yenyewe ilianza kutumia jina hilo mwaka 1971, na ni neno lile lile la ushindi, kwa kuuza viatu.

Nyanya anakaa Lindi. Ana miaka sabini na sita, anatoka upande wa Butere, na mjukuu humwita kukhu. Binti yake alikuwa amempigia simu mapema, kwa hivyo alijua tumekuja kwa nini. Alitupa chai kwanza. Halafu akasema, "Kwa hivyo mimi niitwe nani sasa?"

Hakuna aliyejibu. Akaendelea mwenyewe. Alisema alipokuwa msichana, mtu hakubatizwa kabla ya kujua kusoma kidogo. Misheni zilikuwa zimekuja Magharibi zamani, Wakweka Kaimosi tangu 1902, Waanglikana Maseno tangu 1906, na kufikia siku zake kila kijiji kilikuwa na darasa la wasomaji. Mwalimu aliwaambia kila mtu atafute jina ndani ya Agano Jipya. Wasichana wengi walichukua Mariamu. Yeye alisoma polepole, kwa kidole, mpaka akafika barua ya Timotheo, akaona mama na nyanya wametajwa katika barua ya mtu mkubwa. Mama yake mzazi hakujua kusoma, lakini ndiye aliyekuwa akimwamsha gizani aende darasani. "Nikasema, huyo mama yangu ni Loisi. Mimi basi ni Eunike. Nilichagua mwenyewe, hakuna mtu alinipa."

Hakujua maana yake ni ushindi mwema. Nilipomweleza alinyamaza, kisha akasema kwa kweli ameshinda vitu vingine na vingine vimemshinda. Aliwasomesha watoto wake kwa kufua nguo za watu Woodley. Mmoja alimpoteza. Huyu wa Gatina alimfundisha kusoma kwa Biblia hiyo hiyo iliyokuwa mezani, jalada limeshonwa kwa uzi wa viatu.

Nikamweleza mtoto mambo mawili zaidi, kwa sababu yeye ni mkimbiaji. Mwaka 2008 kule Beijing, wanawake walikimbia mbio za kuruka viunzi na maji kwa mara ya kwanza katika Olimpiki, na Mkenya Eunice Jepkorir akaleta fedha. Tangu 1928, upande mmoja wa medali za Olimpiki za kiangazi huwa na picha ya Nike. Kwa hivyo alivikwa shingoni medali yenye picha ya nusu ya jina lake. Na mwaka 2013 Moscow, Eunice Sum akawa bingwa wa dunia wa mita 800. Mtoto alimjua Sum, huyo mwingine hakumjua. Mama yake kwa upande wake akafurahia zaidi Eunice Muringo Kiereini, muuguzi wetu aliyekuwa rais wa Baraza la Kimataifa la Wauguzi kuanzia 1981 hadi 1985, Mwafrika wa kwanza, kwa sababu anataka mtoto asomee uuguzi.

Halafu nikalijibu lile swali la Jumatano. Nikamwonyesha Yohana 10:3, kwamba mchungaji huwaita kondoo wake kwa majina yao. Nikamwambia, alipokuwa anakusikia, alikuwa anamsikia Eunice.

Mambo ya cheti yameachwa. Nilimweleza mama kwamba kubadilisha jina kisheria ni wakili, ni kuchapishwa katika Gazeti la Serikali, na baada ya hapo ni kurekebisha karatasi zote za shule, na akasema hata hana nguvu hizo. Kuhusu ile 1,800, ushauri wangu ni asilipe, na nimemwambia hivyo mbele ya mchungaji. Ile 1,200 imeenda; kina mama wa ushirika wa Gatina wamemchangia akarudi sokoni Jumatatu.

Woga haujaisha wote. Jumapili aliniambia kwamba usiku, mtoto akiwa ametumwa dukani na kuchelewa, akitaka kumwita bado ulimi unasita kidogo. Nikamwambia amwite kwa sauti, plotini wote wasikie. Raba hazikupatikana. Kukhu amesema mwisho wa mwezi atapita tena Toi.

Juma lijalo, Bwana akipenda, tutasoma Warumi 16 yote, majina yote. Wa Kibera ni Jumanne, wa Kawangware Jumatano, saa kumi na mbili jioni. Kama jina lako limo, au la mama yako, njoo nalo.